Jina Lako Nani?

Hotuba ya kipindi cha vijana, siku ya pili ya maadhimisho ya ushirika wetu, Kikuubo, Kampala. Imechapwa kama ilivyosemwa, ikapunguzwa kidogo.





Nawasalimu wazee wa ushirika, wachungaji, wamama wa maombi, na ninyi vijana ambao kipindi hiki ni chenu. Nawasalimu wageni wetu mliolala njiani kwenye mabasi, kutoka Busia na Kisumu, kutoka Goma na Bunia, kutoka Kigali, Mwanza na Juba. Wengine wenu mizigo bado iko hapo chini Kikuubo inafungwa, kwa hiyo nusu ya roho iko hapa na nusu iko kwa makatoni ya sabuni. Hakuna shida. Ushirika huu ulianza hivyo hivyo, watu wachache wakiomba saa ya mchana juu ya ghala, na wapagazi wakipita na magunia ya sukari wakisema tuwapishe.

Kamati ya vijana ilinipa kichwa kimoja tu: jinsi ya kuomba kazi ya kuanzia kwenye mkahawa wa chipsi na kuku. Mzee mmoja akaniuliza, "Mwinjilisti, hilo nalo ni neno la madhabahuni?" Nikamwambia, mzee wangu, fungua kisanduku cha maombi usome. Karatasi nyingi humo zinaomba kazi. Na kazi ambayo kijana asiye na uzoefu, asiye na mjomba ofisini, anaweza kuipata mjini hapa ni hiyo: kumenya viazi, kukaanga, kuosha sahani, kufuta meza, kusimama kaunta. Kama kitu tunakiombea kwa Mungu, tujue pia kinaombwaje kwa binadamu.

Tena nina sababu yangu mwenyewe. Kazi ya namna hiyo niliiomba mwaka 2004, na niliiomba vibaya. Sijawahi kuisema habari hii yote mbele ya watu. Leo nitaisema.

Fungueni Mwanzo 27, halafu muweke kidole pia kwenye Mwanzo 32. Sitasoma yote, mtasoma nyumbani. Katika ile sura ya kwanza Isaka ni mzee, macho hayaoni. Yakobo anaingia na chakula kutafuta baraka. Amevaa nguo za kaka yake, amefunga ngozi za mbuzi mikononi na shingoni. Mzee anamuuliza yeye ni nani. Yakobo anajibu kwamba ni Esau. Wapendwa, hiyo ni interviu! Mtu ameingia kwa interviu na karatasi za mtu mwingine. Na alipita! Alipewa alichokitaka. Sasa tuiache hapo kidogo, tutarudi.

Mimi ni mtoto wa upande wa Kenya, karibu na Busia. Shule niliacha kidato cha pili, karo ilikatika. Nilikuja Kampala nikiwa na miaka 22, na mfuko mmoja, na namba ya simu ya binamu yangu imeandikwa kwenye kiganja. Baada ya wiki tatu nikaona tangazo kwenye kioo cha mkahawa mmoja mkubwa wa chipsi na kuku. Jina lake halina haja hapa, hawakunikosea kitu. Walitaka vijana wa jikoni, wenye cheti cha kidato cha nne.

Mimi cheti sina. Lakini kijijini kwetu kulikuwa na kijana mmoja tuliyelingana umri, yeye alikuwa nacho na alikuwa amekaa tu nyumbani. Tukapatana. Nikachukua fotokopi ya cheti chake, nikaandika barua kwa jina lake, na kila mwisho wa mwezi nilikuwa namtumia kitu kidogo kwa dereva wa basi. Siku zile Uganda haikuwa na vitambulisho vya taifa kama leo, hivi vya NIRA. Ulikwenda na barua ya mwenyekiti wa LC1, na mwenyekiti aliandika jina ulilomtajia. Usiku wa kuamkia interviu nilifunga na kuomba. Nilimwomba Mungu afungue mlango, na mfukoni nilikuwa na uongo umekunjwa vizuri kwenye bahasha. Nikaajiriwa. Jumapili ile nikasimama hapa kutoa ushuhuda, na mkapiga makofi. Wamama wengine waliopiga makofi siku ile nawaona wameketi pale.

Sasa sikilizeni kilichonipata. Jikoni wananiita kwa jina la yule kijana, na mimi siitiki. Si kwa ubaya, jina si langu, sikio halilijui! Mtu anaita mara mbili, mara tatu, mimi naendelea kumenya viazi. Wakasema huyu Mkenya ni kiziwi. Ikawa ndiyo utani wa jikoni, "Kiziwi, lete viazi!" Na mimi nilifurahi, maana kwa jina la Kiziwi angalau nilijua ni mimi ninayeitwa.

Nikafanya kazi miezi 14. Kazi niliiweza, na mshahara niliupata. Huku kwenye ushirika nilikuwa na jina langu la kuzaliwa, kule nilikuwa na jina lingine, na nilihakikisha watu wa huku hawaji kule. Ndugu akiniambia "nitapita kwako nile chipsi", nilimkataza. Nilisema meneja wetu hapendi wageni. Uongo mmoja ulinitaka niuongezee mwingine kila wiki.

Siku moja ya Ijumaa jioni, mkahawa umejaa, mwenzangu alikuwa anahamisha mafuta ya moto nyuma yangu. Akaniita nisogee. Lakini siku ile hakuniita Kiziwi. Kwa haraka aliniita lile jina la kwenye cheti. Sikugeuka wala sikusogea. Niligeuka nikiwa nimeshachelewa, tukagongana, mafuta yakanimwagikia mkono na ubavu. Mnaouona mkono huu wa kushoto na kuuliza ni nini, basi leo nimewaambia. Mwenzangu yule hana kosa. Aliniita, na angeniita kwa jina langu ningeruka.

Nikapelekwa hospitali, nikaandikwa kwa jina la cheti. Siku mbili ushirika haukuniona, mkaanza kunitafuta. Mkauliza hospitali ile ile niliyolazwa, kwa jina langu, mkaambiwa hakuna mtu kama huyo. Na ni kweli, hakuwapo! Mama mmoja wa maombi, ambaye sasa amelala katika Bwana, hakuridhika. Alitembea kitanda kwa kitanda akiangalia nyuso, mpaka akafika kwangu na chupa ya uji. Akafurahi, akaanza kumshukuru Mungu. Wakati huo huo muuguzi akaja na dawa, akaniita kwa lile jina lingine, nami nikaitika.

Mama akanyamaza. Akamimina uji, akasubiri muuguzi aende. Kisha akaniuliza kwa sauti ya chini, "Mwanangu, kwani wewe ni nani?"

Nilikuwa nimeungua, lakini nawaambia, swali lile liliuma zaidi.

Sasa turudi kwa Yakobo. Ile baraka aliyoipata kwa jina la Esau ilimfanya nini? Ilimfanya akimbie nyumbani. Akaenda kuajiriwa kwa Labani miaka 20, na Labani naye alikuwa bingwa: mshahara anaubadilisha, na usiku wa harusi anampa Lea kwa jina la Raheli. Aliyedanganya gizani naye akadanganywa gizani. Halafu katika Mwanzo 32 yuko kwenye kivuko cha Yaboki, anarudi kwao, mbele anamngoja Esau na watu 400. Anashindana na mtu usiku kucha, anataka baraka tena. Na kabla ya kubarikiwa anaulizwa swali lile lile la zamani: jina lako nani? Safari hii hakusema Esau. Alisema Yakobo. Lile jina lilikuwa na aibu ndani yake, lakini lilikuwa lake. Ndipo akabarikiwa. Akavuka akichechemea, lakini akavuka akiwa yeye.

Mimi nilipotoka hospitali nilikwenda kwa meneja. Nikamwambia kila kitu. Msitegemee niwaambie alilia akanikumbatia akanipandisha cheo. La. Alikasirika. Aliniambia, "Kumbe na ninyi balokole mnadanganya hivi?" Akanilipa siku zangu, akachukua yunifomu, nikatoka. Ile michango ya NSSF ya miezi 14, asilimia 5 ya kwangu na 10 ya mwajiri, iliingia kwa jina ambalo si langu. Mpaka leo si yangu, na sijaidai. Na yule kijana wa kijijini nilimwandikia kumwomba msamaha, kwa sababu nilikuwa nimetembea na jina lake kama mtu anavyotembea na koti la kuazima kwenye matope.

Nikashuka Kikuubo, nikabeba mizigo miezi minane. Mungu ana vituko vyake: mzigo wangu mkubwa ulikuwa majerikani ya mafuta ya kupikia. Nilibeba mafuta ya kwenda mikahawani, na mkono wenyewe haujapona vizuri. Katika miezi hiyo niliomba kazi mikahawa miwili kwa jina langu, wakasoma "kidato cha pili" wakanirudishia karatasi. Wa tatu ulikuwa kibanda cha chipsi karibu na stendi ya matatu, cha mama mmoja. Nilimwandikia mistari michache tu: jina langu hili, nimesoma mpaka hapa, niliwahi kufanya kazi ya jikoni miezi 14 kwa jina lisilo langu, nikaungama nikaondolewa, najua kukaanga, naomba nianze hata kwa kumenya viazi. Yule mama alisoma akacheka mpaka akashika meza. Akaniambia, "Ssebo, barua kama hii sijawahi kuiona. Mwizi haandiki hivi." Nikaanza kesho yake, kwa viazi. Nilikaa pale miaka minne, na cheti changu cha chuo cha Biblia kililipwa na chipsi. Nilipoitwa, niliitika mara ya kwanza.

Sasa vijana, tuingie kwenye kazi yenyewe. Andikeni, kalamu ziko.

Kwanza, karatasi zako ziwe zako. Kama umesoma mpaka darasa la saba, andika darasa la saba. Kuna kazi utakosa, sikudanganyi, mimi nimekosa. Lakini utakayoipata hutaishi ukiiogopa. Na kama wewe unacho cheti, usikikodishe. Ukikikodisha umekodisha jina lako, na ukilihitaji unaweza kukuta limeshachafuliwa.

Pili, mpaka. Soko la Pamoja la Afrika Mashariki lilianza tarehe 1 Julai 2010, na siku hizi Mkenya au Mnyarwanda anavuka kuja Uganda kwa kitambulisho cha taifa tu. Lakini kuvuka si kuajiriwa. Kibali cha kazi ni kitu kingine. Uganda, Kenya na Rwanda zimeondoleana ada ya kibali, ila kukiomba ni lazima ukiombe. Ndugu zetu wakimbizi kutoka Kongo na Sudan Kusini, sheria ya wakimbizi ya Uganda ya mwaka 2006 inawaruhusu kufanya kazi. Kitambulisho chako cha ukimbizi si aibu, kitoe uonyeshe. Usijiite Mganda wa Masaka wakati Luganda chako kina siku tatu.

Tatu, afya. Hapa jijini KCCA inataka mtu anayeshika chakula awe amepimwa. Nenda upimwe wewe mwenyewe. Kuna watu wanauza majibu ya vipimo bila kuchomwa hata sindano. Usinunue. Ukiwa na homa ya matumbo na unawawekea watu kachumbari kwenye sahani, huo si uongo wa karatasi tena, unagusa uhai wa watu.

Nne, barua. Ukurasa mmoja unatosha. Jina lako, unakaa wapi, simu, kazi unayoiomba, umefanya nini kabla. Usiseme hujawahi kufanya kitu. Kama ulimsaidia mama kupika chakula cha matanga cha watu mia mbili, hiyo ni kazi ya jikoni, iandike. Kama ulibeba mizigo Kikuubo na hakuna boksi lililopotea, iandike na umtaje mwenye duka akushuhudie, ukimwomba ruhusa kwanza. Ambatanisha barua ya LC1. Usipeleke barua saa sita mpaka saa nane mchana, wakati watu wamepanga mstari. Meneja atakuchukia bure. Nenda saa tatu asubuhi au saa tisa mchana. Osha mikono, kata kucha. Mtu wa chakula huangalia kucha kabla ya cheti.

Tano, siku na saa. Hapa walokole wengi tunadanganya bila kujua. Unaulizwa, "Jumapili utafanya kazi?" Unasema ndiyo, halafu Jumapili ya kwanza unaumwa tumbo. Sema mapema: naomba zamu ya mchana Jumapili, asubuhi naabudu. Wengine watakubali, wengine watakataa, lakini umesema. Na ukienda kesha la Ijumaa, usiende kusinzia Jumamosi mbele ya mafuta ya moto. Mkono wangu unatosha kuwa mfano.

Sita, pesa. Anayekuuliza pesa ili akupe kazi, huyo ni dalali wa hewa. Na dada zangu, meneja akitaka mwili wako ili akupe kazi, hiyo ni kosa kwa Sheria ya Ajira ya mwaka 2006, na mbele za Mungu ni kosa zaidi. Ondoka, njoo utuambie wamama na wazee wako. Hatutakuuliza ulivaa nini. Wazee, mmesikia? Hatutamuuliza alivaa nini.

Na ukiajiriwa, omba masharti kwa maandishi, sheria hiyo hiyo inakupa haki. Uliza mshahara ni kiasi gani, chakula kipo, usiku unarudi nyumbani na nini, NSSF inalipwa kwa jina gani. Kima cha chini cha mshahara Uganda kiliwekwa mwaka 1984, shilingi 6,000 kwa mwezi, na hakijabadilishwa. Kwa hiyo usitegemee sheria ikupangie mshahara. Uliza wewe, kwa adabu, kabla ya kuvaa kofia.

Neno langu kwa wachungaji ni fupi. Baba zangu, mnaandika barua za kumpendekeza kijana mnayemjua kwa wiki mbili, mkisema mmemjua miaka mitano. Mnafanya hivyo kwa huruma, najua. Lakini hapo mmemfunga ngozi za mbuzi kwa mikono yenu wenyewe. Andikeni wiki mbili. Na kijana akisimama hapa kutoa ushuhuda kwamba amepata kazi ya kuosha sahani, msimwombee "kazi nzuri zaidi" kabla hajamaliza kushukuru. Nabii Zekaria aliuliza ni nani aliyedharau siku ya mambo madogo. Nisingependa ushirika wetu uwe ndio jibu.

Namaliza. Kwa kawaida saa hii ningewaita mbele. Leo sitawaita, kwa sababu mwajiri wako anaweza kuwa ameketi nyuma yako, na jambo hili linataka umwendee mwenyewe, si asikie kwa kipaza sauti. Kama kuna mtu hapa anafanya kazi kwa cheti cha mwingine, kitambulisho cha mwingine, au jina la mwingine, nakujua, kwa sababu nilikuwa wewe. Sikuahidi kwamba ukisema utabaki kazini. Mimi sikubaki. Nakuahidi kwamba hutakuwa peke yako wiki hiyo. Mimi nilikuwa na mama mmoja wa uji. Wewe uwe nao hamsini.

Baada ya maombi nitakuwa pale kwenye ngazi ya ghala, na karatasi nyeupe na kalamu. Anayetaka kusaidiwa kuandika barua ya kazi, aje. Nitamuuliza swali moja kwanza, na mnalijua.

Tusimame tuombe.